Kushinda uchaguzi ndani ya Democracy 4: hesabu ya muda, mtaji wa kisiasa na makundi ya wapiga kura

Katika mchezo wa kompyuta uitwao Democracy 4, mchezaji hukabidhiwa nchi akiwa tayari ni rais au waziri mkuu, na kazi yake ni kuhakikisha kwamba siku ya uchaguzi ikifika, walio wengi wanampigia kura yeye. Hakuna majeshi ya kuongoza vitani wala ramani ya kuteka. Kilichopo ni skrini iliyojaa alama za duara zinazowakilisha sera, takwimu na matatizo ya nchi, zikiwa zimepangwa katika maeneo saba: kodi, uchumi, ustawi wa jamii, mambo ya nje, usafiri, huduma za umma, na sheria na usalama. Kila zamu moja ya mchezo huhesabiwa kuwa ni miezi 3. Mtunzi wake ni Mwingereza Cliff Harris wa studio ya Positech Games, na mfululizo huu ulianza mwaka 2005. Toleo la tatu lilitoka mwaka 2013, likafuatiwa mwaka 2016 na Democracy 3: Africa, ambamo Kenya ni mojawapo ya nchi zinazoweza kuongozwa, kisha toleo la nne likakamilika mwaka 2022.

Wanaoanza kuucheza hushindwa kwa namna inayofanana sana. Mchezaji hufungua ukurasa wa bajeti, hukuta nakisi, hupunguza matumizi na kupandisha kodi mbili tatu ili hesabu zikae sawa, kisha huona umaarufu wake ukiporomoka. Mwaka wa mwisho kabla ya uchaguzi hugeuka na kuanza kugawa: pensheni inaongezwa, kodi ya mafuta inashushwa, ruzuku zinatangazwa, lakini kura za maoni hazisogei kwa kiasi alichotarajia, naye anaondoka madarakani akiamini kwamba wapiga kura wa kompyuta hawana shukrani. Ukweli ni kwamba alikuwa akihesabu kitu kisicho haba. Fedha katika mchezo huu hukopeka. Muda haukopeki, na mtaji wa kisiasa, yaani alama zinazolipia kila badiliko la sera, hauna benki ya kuukopesha. Mtu akielewa hilo, sehemu kubwa ya mambo yanayoonekana kama bahati mbaya huanza kuwa na sababu zinazosomeka.

Namna sera inavyotenda kazi

Ukiweka kishale cha kompyuta juu ya alama yoyote, mistari hujitokeza kuiunganisha na alama nyingine. Mistari ya kijani huonyesha kwamba kitu kimoja kinakiongeza kingine, na mistari myekundu huonyesha kwamba kinakipunguza, huku kasi ya vishale vinavyotembea juu ya mstari ikikujulisha nguvu ya athari yenyewe. Wachezaji wengi huishia hapo, nao hudhani wameshaisoma sera yote kwa sababu wameona rangi. Rangi inaeleza mwelekeo tu. Mambo mawili yanayoamua uchaguzi, yaani umbo la athari na muda wake, yamefichika chini kidogo, na bahati nzuri mtunzi ameyaacha wazi kwa yeyote anayetaka kuyatazama.

Sera za mfululizo huu zimeandikwa katika mafaili ya majedwali ya kawaida, yanayofunguka kwa programu yoyote ya kuandikia au ya hesabu. Ndani yake, kila athari ya sera ina sehemu tatu. Ya kwanza ni jina la kinachoathiriwa, tuseme matumizi ya magari au kundi la wastaafu. Ya pili ni mlinganyo mfupi wenye herufi x, ambayo husimama kwa kiwango ulichoiwekea sera hiyo, kuanzia 0 hadi 1. Ya tatu, ambayo si kila athari inayo, ni namba ya zamu ambazo athari itachukua kabla haijafika kikamilifu. Hakuna ufundi wa kutisha katika hilo, na mtu aliyemaliza hesabu za sekondari anaweza kulisoma jedwali zima kwa jioni moja.

Tuanze na mlinganyo. Pale ambapo x imezidishwa tu kwa namba, kupandisha sera kutoka robo hadi nusu kunaleta mabadiliko sawasawa na kuipandisha kutoka nusu hadi robo tatu. Lakini pale ambapo x imepewa kipeo, mambo hubadilika kabisa: nusu ya kwanza ya kiwango karibu haisikiki, halafu sehemu ya mwisho inauma vikali. Ndiyo maana kodi fulani inaweza kukaa katika kiwango cha kati kwa miaka bila mtu kulalamika, kisha nyongeza ndogo inayofuata ikawasha kundi zima. Mchezaji anayejua hivyo hukusanya mapato yake kwa kodi kadhaa zilizowekwa chini ya sehemu yenye mwinuko mkali. Asiyejua huikamua kodi moja hadi mwisho, ilhali shilingi ya mwisho anayoipata humgharimu kura nyingi kuliko zote zilizotangulia.

Sasa muda, ambao kwa maoni yangu ndio moyo wa mchezo wote. Chukulia kwamba umechagua muhula wa miaka 4, yaani zamu 16. Unataka kuanzisha sera ya elimu ambayo, kwa mfano tu, inahitaji zamu 4 hadi ianze kutekelezwa, na zamu nyingine 8 hadi athari yake kwa kiwango cha elimu ifike kamili. Jumla ni zamu 12. Ukiitangaza zamu ya 4, wapiga kura wataionja yote siku ya uchaguzi. Ukiitangaza zamu ya 10, utakuwa umeilipia gharama kwa mwaka mmoja na nusu huku wananchi wakiwa wameona kipande chake tu. Tena kiwango cha elimu chenyewe si mwisho wa safari, kwa kuwa elimu hupandisha tija, tija hupandisha pato la taifa, nalo pato la taifa ndilo linaloleta mapato ya kodi, na kila kiungo katika mnyororo huo kinaweza kuwa na ucheleweshaji wake. Kwa hiyo elimu, utafiti na teknolojia ni mambo ya mwaka wa kwanza. Ukiyaanzisha mwaka wa tatu, unaanza kuufanyia kazi muhula wa pili ambao bado hujaupata.

Kinyume chake pia ni kweli, na hapa ndipo penye faida ambayo wachezaji wengi hawaitumii. Machungu ya sera yanaweza kuwa na mwendo tofauti na manufaa yake. Kodi inapopandishwa, walipaji huhisi mapema. Barabara inapojengwa, msongamano hupungua baadaye. Mambo machungu yanayohitajika, isipokuwa yale yanayoweza kuandaliwa njia kwanza kama tutakavyoona kwenye kodi ya mafuta, yafanywe katika zamu za mwanzo, wakati hasira ina miaka mitatu ya kupoa na wakati matunda ya fedha hizo yana muda wa kuiva.

Mtaji wa kisiasa na mawaziri

Huwezi kufanya kila unachotaka katika zamu moja, hata kama hazina imejaa. Kuanzisha sera, kuifuta, kuipandisha na kuishusha, kila tendo lina bei yake katika mtaji wa kisiasa, na bei hizo hazilingani. Sera isiyo na ubishi ni rahisi kuanzisha, ilhali sera inayogusa imani za watu au mifuko ya wengi inaweza kula akiba ya zamu kadhaa. Mtaji huo huzalishwa na baraza la mawaziri kila zamu, na una kikomo. Ukishafika kikomo, kinachozalishwa juu yake kinapotea. Basi kukaa zamu tatu bila kufanya lolote kwa sababu mambo yanaonekana shwari ni hasara halisi, ingawa hakuna mahali popote kwenye skrini panapoandika kwamba umepoteza.

Kiasi ambacho waziri anazalisha kinategemea hasa utii wake. Kila waziri ana makundi ya wapiga kura anayoyaonea huruma, mathalani wakulima na wahafidhina, au wajamaa na wanamazingira, naye hupima serikali yako kwa namna unavyowatendea watu hao. Serikali inayopanga kupandisha kodi ya makampuni halafu ikamweka kwenye baraza mtetezi wa mabepari imejitengenezea adui ndani ya nyumba: utii wake utashuka zamu hadi zamu, mchango wake utapungua, na mwishowe atajiuzulu. Ushauri wangu ni kwamba kabla ya kugusa sera yoyote, mchezaji aandike makundi matatu au manne anayokusudia kuyategemea, kisha achague mawaziri wenye huruma na makundi hayohayo, hata kama kuna mtu mwenye uzoefu mkubwa zaidi anayelazimika kuachwa nje. Waziri mahiri asiyekubaliana na mwelekeo wako atakupa mtaji kidogo mno katika mwaka wa tatu, mwaka ambao ndio unauhitaji zaidi.

Mpiga kura ni mmoja, makundi yake ni mengi

Hapa ndipo mchezo unapokuwa mgumu, na pia ndipo unapopendeza. Skrini huonyesha makundi katikati yake: wazazi, wastaafu, vijana, wenye magari, watumishi wa serikali, waliojiajiri, wazalendo, watu wa dini, maskini, matajiri na wengineo. Mtu huona kundi jekundu na kudhani kwamba amewapoteza watu fulani, kana kwamba nchi imegawanyika katika vyumba visivyoingiliana. Sivyo ilivyo. Kompyuta huunda wapiga kura mmoja mmoja, na kila mmoja ni mwanachama wa makundi kadhaa kwa viwango tofauti. Kuna mwanamke ambaye ni mzazi, mtumishi wa serikali, mwenye gari, na mhafidhina wa kiasi. Maoni yake juu yako ni mchanganyiko wa makundi hayo yote, kila moja likiwa na uzito kulingana na jinsi anavyojihisi kuwa sehemu yake.

Matokeo yake ni mawili. La kwanza, kundi linaweza kukuchukia na bado sehemu kubwa ya watu wake wakakupigia kura, kwa sababu makundi yao mengine yameridhika. La pili ni la hatari: sera tatu ndogo, ambazo kila moja peke yake ingevumilika, zinaweza kumwangukia mtu yuleyule. Ukipandisha kodi ya mafuta, ukapunguza posho ya watoto na ukagandisha mishahara ya serikali, umewagusa wenye magari, wazazi na watumishi, makundi matatu tofauti kwenye skrini. Yule mwanamke yumo katika yote matatu. Mchezo una ukurasa unaokuwezesha kumtazama mpiga kura mmoja mmoja, ukaona yumo katika makundi gani na nini kinamfurahisha au kumwudhi. Watazame hao kabla ya kila mabadiliko makubwa, hasa wale walio karibu na mpaka kati ya kukuunga mkono na kukukataa, kwa kuwa hao ndio wanaoamua uchaguzi. Anayekuabudu tayari ana kura moja tu ya kukupa.

Lipo pia kundi linaloitwa watu wote, ambamo kila raia yumo. Kinacholigusa kundi hili kinamgusa kila mpiga kura bila kujali itikadi yake: uhalifu, ukosefu wa ajira, afya. Nimeona mijadala mirefu ya wachezaji juu ya namna ya kuwaridhisha mabepari na wajamaa kwa wakati mmoja, na mara nyingi jibu limo humu. Kupunguza uhalifu hakumwudhi mjamaa wala bepari. Serikali inayosuasua ianzie hapo kabla ya kutafuta ujanja mwingine.

Lakini mkakati wenye nguvu kuliko yote ni ule wa kubadilisha ukubwa wa makundi yenyewe. Uanachama wa makundi mengi hauko palepale. Husogea polepole kufuatana na hali ya nchi. Ruzuku kwa shule za dini huongeza, baada ya muda, idadi ya watu wanaojiona kuwa wa dini. Kupanua huduma za umma huongeza watumishi wa serikali. Mapato ya watu wa chini yakipanda, wanaohesabiwa kuwa maskini hupungua, jambo ambalo ni jema kwa nchi ingawa humshangaza mchezaji aliyejenga ushindi wake wote juu ya kura za maskini.

Tuitazame kodi ya mafuta kwa karibu, maana inafundisha karibu kila kitu. Mchezaji anayetaka hewa safi na mapato zaidi hupandisha kodi hiyo mara moja. Wenye magari ni wengi, wanakasirika, na wanamazingira ambao wamefurahi ni wachache kuliko wao, kwa hiyo mizani ya kura inamwelemea. Sasa geuza mpangilio. Zamu za kwanza weka fedha katika mabasi na reli. Wenye magari hawakasiriki kwa kujengewa reli. Matumizi ya magari huanza kushuka, na pamoja nayo hupungua idadi ya watu wanaojitambua kama wenye magari, huku hewa ikiboreka kidogo kidogo. Baada ya miaka miwili, ipandishe kodi ileile kwa kiwango kilekile. Wanaoumia sasa ni wachache, na hata hao wana njia nyingine ya kusafiri. Sera ni ileile na bei yake ni ileile. Kilichobadilika ni utaratibu. Kuna gharama moja tu ya kuikumbuka, nayo ni kwamba magari yakipungua, mapato ya kodi ya mafuta hupungua pia, hivyo asitokee mtu akaifanya kodi hiyo kuwa nguzo ya bajeti yake. Kodi za pombe na tumbaku zina tabia hiyohiyo.

Matatizo yenye mizizi

Zile alama nyekundu zinazojitokeza ghafla, kama janga la pumu, magenge ya mitaani, ukwepaji wa kodi au kuhama kwa wataalamu, zina sheria moja ambayo isipofahamika humfanya mchezaji akate tamaa. Kila tatizo lina kizingiti cha kuanza na kizingiti cha kuisha, na viwili hivyo havilingani. Tuseme janga la pumu linaanza pale uchafuzi wa hewa unapofika 0.7 na haliishi mpaka uchafuzi ushuke chini ya 0.5. Mchezaji aliyeuvusha mpaka huo kidogo tu, akaupunguza tena hadi 0.6, atashangaa kwa nini alama ingali nyekundu ilhali hali ni bora kuliko siku ilipotokea. Kwa sababu hiyo, kuzuia ni nafuu kuliko kutibu kwa kiasi kikubwa, na tatizo linalokaribia kizingiti linastahili kushughulikiwa kabla ya lile ambalo limekwisha kujikita na litahitaji zamu nyingi kung'oka.

Kuna kishawishi cha kupambana na tatizo kwa sera iliyotengenezwa kwa ajili yake. Magenge yametokea, basi ongeza polisi. Hiyo hufanya kazi, lakini huitumia fedha na mtaji wa kisiasa dhidi ya matokeo, na chanzo kinabaki kikilisha matatizo mengine. Fuata mistari nyuma. Utakuta ukosefu wa ajira na umaskini vinalisha magenge, na vilevile vinalisha uhalifu wa jumla na kutoridhika kwa watu wote. Ukipunguza ukosefu wa ajira, matatizo matatu hulegea kwa pamoja. Kanuni ninayoitumia katika kuchagua baina ya sera mbili ni kuhesabu ni alama ngapi nyekundu zinazoguswa na kila mojawapo kwa njia isiyo ya moja kwa moja, na mara nyingi inayoshinda ni ile ambayo jina lake halihusiani kabisa na tatizo lililonisumbua.

Kuhusu fedha sitasema mengi, kwa kuwa wachezaji wamezizingatia kupita kiasi tayari. Uchumi wa dunia ndani ya mchezo hupanda na kushuka wenyewe, wala huna uwezo juu yake. Wakati wa neema, kila sera inaonekana kama ya busara. Mdororo ukija, nakisi hupanuka bila wewe kufanya kosa lolote. Lenga ziada wakati wa neema na ikubali nakisi ya wastani wakati wa mdororo, mradi deni lisikue kwa kasi inayozidi uchumi, kwa sababu hapo ndipo hadhi yako ya kukopesheka hushushwa, riba hupanda, na mzunguko mbaya unaanza. Democracy 4 imeongeza pia mfumuko wa bei, ambao haukuwa na uzito huo katika matoleo ya awali, hivyo kumwaga fedha kiholela kuna adhabu ya ziada.

Kenya ndani ya mchezo na Kenya nje yake

Democracy 3: Africa inatumia mtambo uleule wa hesabu lakini imebadilisha mambo yenyewe: kuna malaria, kuna ufisadi, kuna uhuru wa vyombo vya habari, kuna hali ya wanawake. Anayeongoza Kenya humo hukuta kwamba kodi haziwezi kumfikisha mbali kabla ufisadi haujapunguzwa, kwani fedha zinazokusanywa hazitoi huduma inayolingana nazo. Mpangilio wa kazi basi unabadilika: taasisi kwanza, matumizi makubwa baadaye.

Hoja ya makundi yanayoingiliana ina mfano hai nje ya kompyuta, nao wasomaji wengi wanaukumbuka. Muswada wa Fedha wa Kenya wa mwaka 2024 ulipowasilishwa ulikuwa na pendekezo la kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 16 kwenye mkate, kodi ya asilimia 2.5 ya thamani ya gari, na tozo ya mazingira kwenye bidhaa mbalimbali. Ukiyatazama moja moja, hayo ni mambo ya walaji, ya wenye magari na ya waagizaji wa bidhaa. Ukiyatazama kwa jicho la familia moja ya mjini yenye kijana asiye na ajira, gari dogo la biashara na mtoto mchanga, yote yanaingia katika nyumba moja. Baadhi ya mapendekezo hayo, likiwemo la mkate, yaliondolewa kabla ya kura ya Bunge, lakini hasira ilikuwa imeshakusanyika, na baada ya maandamano ya tarehe 25 Juni, Rais William Ruto alitangaza kwamba hatautia saini muswada huo. Watu walipoteza maisha katika siku zile, jambo ambalo hakuna mchezo unaoweza wala unaopaswa kulipunguza kuwa alama kwenye skrini. Ninachokitaja hapa ni umbo la tatizo tu: kupunguza mzigo baada ya watu kuuhisi hakurudishi mambo pale yalipokuwa, kama vile kizingiti cha kuisha kisivyolingana na kizingiti cha kuanza.

Pia mchezo una upungufu ambao mchezaji makini anatakiwa kuujua ili asijifunze somo lisilo sahihi. Hakuna bunge la kubishana nalo kifungu kwa kifungu. Mtaji wa kisiasa umesimama badala ya mapambano yote hayo. Vilevile kila mstari, ukubwa wake na ucheleweshaji wake ni uamuzi wa mtunzi juu ya namna anavyodhani jamii inavyokwenda. Mtu anayeshikilia kwamba sera fulani lazima ifanikiwe kwa kuwa anaiamini katika maisha yake atapoteza uchaguzi akipigana na jedwali. Anayekubali kwanza kuusoma mfumo jinsi ulivyoandikwa, kisha akauliza ni wapi hakubaliani nao, hucheza vizuri zaidi na pia hujifunza zaidi, na mafaili yakiwa wazi hivyo anaweza hata kubadilisha namba asizokubaliana nazo na kuona kitakachotokea.

Mwaka wa mwisho

Kabla ya uchaguzi kuna jambo moja linaloweza kumaliza mchezo bila kura hata moja kupigwa. Kundi likikandamizwa mpaka hasira yake ikapindukia, huzaa wenye msimamo mkali, na ukurasa wa usalama huonyesha vikundi hivyo na kiwango cha tishio lao. Wakifanikiwa kumwua kiongozi, mchezo umekwisha. Kuwekeza katika idara ya ujasusi husaidia, lakini njia ya uhakika zaidi ni kutoliacha kundi lolote lizame kabisa. Sera moja ya bei nafuu inayowapoza watu ambao kamwe hawatakupigia kura ni bima nzuri, na huu ndio wakati pekee ambapo ninashauri kutumia mtaji wa kisiasa kwa ajili ya wapinzani wako.

Kuhusu ile tabia ya kugawa zawadi zamu tatu kabla ya kura, mfululizo huu umeiwekea dawa: wapiga kura wanaoona sera za kupendeza zikimiminika karibu na uchaguzi huanza kuzitilia shaka, na shaka hiyo hupunguza faida yake. Tena kundi ambalo limeridhika kwa muda mrefu huanza kuzoea, likataka zaidi kwa utii uleule. Kwa hiyo mwaka wa mwisho uwe wa kazi ndogo: acha sera za mwaka wa kwanza zikamilike, rekebisha tatizo lolote linalokaribia kizingiti chake, watazame wapiga kura walio mpakani na uwape wao, si kundi zima, jambo moja au mawili yanayowahusu. Na ikiwa zamu moja kabla ya kura mtaji wa kisiasa umekaribia kikomo na uongozi katika kura za maoni uko salama, utumie kuanzisha ile sera ya elimu au ya utafiti ambayo haitazaa kikamilifu kabla ya zamu 12, kwani muhula ujao unahesabiwa kuanzia hapo.